Je, Wajua? Pacha Mmoja Mweusi, Mwenzake Si Mweusi

Mwaka 2007 vijana wawili wa Brazili, waliofanana kama shilingi kwa ya pili, waliomba nafasi Chuo Kikuu cha Brasília. Walikuwa mapacha wa yai moja. Tangu 2004 chuo hicho kilikuwa kimetenga asilimia 20 ya nafasi zake kwa watu weusi, na ili asipenye mjanja, picha za waombaji zilikaguliwa. Kamati ikaketi, ikazitazama picha, ikatoa majibu: pacha mmoja ni mweusi, mwenzake si mweusi.

Aliyekataliwa alikata rufaa, magazeti yakapata mtaji, na chuo kikageuza uamuzi. Baadaye habari ya picha ikaachwa, waombaji wakawa wanaitwa kwa mahojiano.

Cheka, lakini usicheke sana. Kisa hiki kimebeba ugomvi mzima. Watu hubishana mpaka mishipa ya shingo ikawatoka kama ni haki kumtengea nafasi leo yule aliyenyimwa jana. Kabla ya swali hilo kubwa lipo jingine dogo, la karani, ambalo mara nyingi halipigiwi kelele: huyu ni nani, na ni nani aliyekaa mezani kuandika jibu?

Rangi ya punda akitoroka

Je, wajua kwamba Waafrika karibu milioni 5 walishushwa Brazili wakiwa watumwa, wengi kuliko nchi nyingine yoyote ya Amerika, na kwamba utumwa ulipigwa marufuku huko mwaka 1888, mwisho kabisa katika bara lile? Baada ya hapo hapakuwa na sheria ya kutenga mabenchi ya weupe na ya weusi kama Marekani, na nchi ikajisifu kwamba haijui rangi. Mwaka 1976 watu wa takwimu walipowaacha wananchi wajitajie rangi zao wenyewe, walirudi na majina zaidi ya 130. Alikuwemo aliyejiita rangi ya mdalasini, aliyejiita kahawa ya maziwa, na hata aliyejiita rangi ya punda akitoroka.

Sasa mpe karani orodha hiyo, umwambie atenge nafasi za weusi.

Sheria ya mwaka 2012 ilipita njia ya werevu kidogo. Vyuo vikuu vya serikali kuu Brazili havitozi ada, lakini kwa miaka mingi waliovijaza walikuwa watoto waliosomeshwa sekondari za kulipia, maana ndizo zilizowaandaa kwa mtihani wa kuingia. Kwa hiyo sheria ikatenga nusu ya nafasi kwa waliosoma shule za umma, na ndani ya nusu hiyo ndipo rangi na kipato vinapoulizwa, kwa kufuata idadi ya watu wa kila jimbo. Kamati za kutazama nyuso hazikufa. Zinatazama sura ya mwombaji mwenyewe, si ukoo wake, kwa hiyo kusema bibi yako alikuwa mweusi hakukusaidii kitu pale.

Jina lililochaguliwa kwa mlio wake

Machi 1961 Rais John Kennedy wa Marekani alitia saini amri ya kuwataka wenye mikataba na serikali wachukue hatua za dhahiri ili watu waajiriwe bila kujali rangi. Aliyeombwa kuipitia rasimu alikuwa mwanasheria mweusi kutoka Texas, Hobart Taylor. Alikwama kati ya maneno mawili yaliyokaribiana maana, na mwishowe akachukua lile lililoanza kwa herufi A, affirmative, kwa kuwa lilifuatwa na neno jingine la A, action, na sikio likapenda. Mabishano ya miaka sitini yamepewa jina kwa sababu ya vina, jambo ambalo mshairi yeyote wa Lamu angelielewa mara moja.

Kwetu hatukumpata Hobart Taylor. Sisi husema upendeleo maalumu, na upendeleo ni neno lile lile la mwalimu anayemwongezea mwanawe maksi. Anayeutetea anaingia uwanjani akiwa ameshafungwa mabao mawili. Wapo wanaosema hatua za makusudi, lakini hapo msikilizaji huuliza makusudi ya nini. Waganda walikwepa mtego wote kwa kutumia hesabu: tangu 1990 msichana anayeomba chuo kikuu cha umma huongezewa pointi 1.5, na namba hiyo ikawa ndiyo jina.

Hata methali yetu kuu ya haki, Mgala muue na haki yake mpe, inamtaja mtu kwa kabila lake kwanza, inamuua, kisha ndiyo inakumbuka stahili zake.

Deni lililogeuka viungo vya pilau

Wengi hudhani mgao wa Marekani uliletwa na chama cha Democratic peke yake. Aliyeuwekea meno ni Richard Nixon wa Republican, mwaka 1969, kwa mpango ulioanzia Philadelphia wa kuwalazimisha wakandarasi wa serikali kujiwekea malengo ya kuajiri watu weusi. Msimamizi wake, Arthur Fletcher, alikuwa mweusi na alikuwa Republican. Vyama vya mafundi ujenzi wakati ule viliendeshwa kama ukoo, baba akimrithisha mwana nafasi, na aliyekuwa nje alibaki nje hata angekuwa fundi wa namna gani.

Kisha akaja Allan Bakke. Shule ya udaktari ya Davis, California, ilikuwa na nafasi 100 kwa mwaka na ilitenga 16 kwa makundi yaliyoachwa nyuma. Bakke, mzungu aliyepita miaka thelathini, alikataliwa mara mbili, akashtaki. Mwaka 1978 Mahakama Kuu ya Marekani iligawanyika vibaya: majaji wanne huku, wanne kule, na Lewis Powell katikati akiwapa kila upande nusu ya alichotaka. Bakke akaingia na akahitimu 1982. Nafasi za kutenga kwa idadi zikaharamishwa. Rangi ikaruhusiwa kutazamwa, lakini kwa sababu mpya.

Hiyo sababu mpya ndiyo ninayoiona kuwa kiini cha balaa. Mwaka 1965 Rais Lyndon Johnson alikuwa ameeleza jambo hili kwa mfano wa mtu aliyefungwa minyororo miaka na miaka: humfungui, ukamsimamisha kwenye mstari wa mbio, ukasema sasa mko sawa. Hilo lilikuwa deni. Powell akasema chuo hakiwezi kulipa deni la jamii nzima, ila kinaweza kutaka mchanganyiko wa wanafunzi kwa kuwa mchanganyiko hunogesha masomo. Mwanafunzi mweusi akaacha kuwa mdai, akawa kiungo cha pilau, anawekwa ili chakula cha wengine kinukie. Ukishakubali hoja hiyo, siku mpishi akisema pilau yake haihitaji iliki, huna la kumjibu.

Mpishi, yaani Mahakama Kuu hiyo hiyo, alisema hivyo tarehe 29 Juni 2023, katika kesi za Harvard na Chuo Kikuu cha North Carolina. Miaka 20 kabla yake Jaji Sandra Day O'Connor alikuwa ametarajia kwamba baada ya miaka 25 rangi isingehitajika tena; miaka hiyo haikutimia. Kuna mambo mawili katika kesi hizo ambayo huwa hayasimuliwi sana. La kwanza, kwenye tanbihi ya hukumu vyuo vya kijeshi viliachwa kando, havikuguswa. La pili, ushahidi uliotolewa ulionyesha kuwa zaidi ya asilimia 40 ya wanafunzi weupe waliopokelewa Harvard walikuwa wanamichezo walioalikwa, watoto wa waliowahi kusoma hapo, watoto wa wafanyakazi wa chuo, au waliokuwa kwenye orodha maalumu ya mkuu wa udahili. Mlango huo haukuwa ndio ulioshtakiwa.

Malai, na ngoma iliyovuka bahari

India ilianza mapema mno. Mwaka 1902 mtawala wa Kolhapur, Shahu, alitenga nusu ya nafasi za kazi za dola yake kwa watu wa tabaka za nyuma. Katiba ya mwaka 1950, iliyoandikwa na kamati chini ya B. R. Ambedkar, ambaye mwenyewe alizaliwa katika tabaka la wasioguswa, ilitenga viti vya bunge kwa miaka 10 tu. Miaka 10 hiyo imeongezwa kila ilipokwisha, na sasa imefikishwa 2030. Wapinzani huutaja ukweli huu kama ushahidi kwamba dawa haiponyi. Watetezi huutaja kama ushahidi kwamba ugonjwa ni mkubwa. Wote wanaitazama kalenda ile ile.

Mwaka 1992 mahakama ya juu ya India iliweka mipaka miwili: mgao wote usizidi asilimia 50, na katika tabaka za nyuma zilizoongezwa baadaye waondolewe walioshanona, yaani lile tabaka la juu ambalo Wahindi hulifananisha na malai yanayoelea juu ya maziwa. Neno malai tunalo sisi pia, tulilipata kwao. Fikra hiyo bado hatujaiazima: ni nadra kusikia mtoto wa waziri akiambiwa kwamba yeye ni malai, apishe.

Na je, wajua kwamba miongoni mwa wanaonufaika na mgao wa India wamo watu wenye asili ya pwani yetu? Ni Wasiddi wa Gujarat na Karnataka, uzao wa Waafrika waliovushwa Bahari ya Hindi, wengine wakiwa watumwa, wengine askari na mabaharia. Huko Gujarat wangali wakicheza wanachokiita goma, na huhitaji mkalimani kujua neno hilo lilitoka wapi. Wale wa Karnataka waliandikwa rasmi kuwa miongoni mwa makabila yanayotengewa nafasi mwaka 2003. Mwaka 2020 mmoja wao, Shantaram Siddi, akateuliwa kuingia baraza la juu la kutunga sheria la jimbo hilo.

Mchina aliyekuwa mweusi kwa hati ya mahakama

Afrika Kusini ya makaburu ilikuwa na utaratibu wake wa kumtambua mtu: ilipotatiza, penseli ilichomekwa kwenye nywele kuona kama itaanguka au itakwama. Wachina walihesabiwa pamoja na wasio weupe. Wajapani, kwa sababu ya biashara, walihesabiwa kuwa weupe wa heshima. Utawala ulipobadilika, sheria za ajira na uchumi zikawapa kipaumbele watu weusi, neno lililofafanuliwa kuwa Waafrika, Machotara na Wahindi. Wachina hawakutajwa. Enzi za ubaguzi hawakuwa weupe wa kutosha, enzi za kusawazisha hawakuwa weusi wa kutosha. Wakaenda mahakamani, na Juni 2008 mahakama ya Pretoria ikaamua kwamba kwa sheria hizo Mchina raia wa Afrika Kusini ni mweusi.

Malaysia nayo ni kinyume cha mazoea, maana tangu 1971, baada ya ghasia za 1969, mgao wake unawalinda walio wengi, Wamalay na wenyeji wengine, ambao serikali ilitaka wamiliki asilimia 30 ya mitaji ya makampuni.

Ng'ambo mbili za Akanyaru

Rwanda na Burundi zimetenganishwa kwa sehemu na mto Akanyaru, na juu ya kuhesabu watu kwa kabila hazielewani kabisa.

Rwanda imekatazwa kuhesabu. Sababu inajulikana. Wabelgiji waliingiza kabila kwenye vitambulisho miaka ya 1930, na mwaka 1994, wakati wa mauaji ya kimbari, kitambulisho hicho hicho ndicho kilichokuwa kikidaiwa kwenye vizuizi vya barabarani. Katikati ya hapo, chini ya Juvénal Habyarimana, ulikuwepo mgao wa shule na kazi ulioitwa wa kuleta uwiano, na kwa Watutsi uwiano huo ulikuwa dari: fungu lao likiisha, hata uwe na alama za juu, basi. Chombo kilikuwa kile kile wanachokisifu wengine kama haki. Leo kinachohesabiwa Rwanda ni jinsia. Katiba ya 2003 ilitaka wanawake wasipungue asilimia 30 katika vyombo vya maamuzi, na kufikia 2008 walikuwa wamepita nusu ya Bunge.

Burundi imeamriwa kuhesabu. Mkataba wa Arusha wa Agosti 2000, ulioanza kusuluhishwa na Mwalimu Nyerere na kumaliziwa na Nelson Mandela, ulizaa katiba ya 2005: Bunge liwe na Wahutu asilimia 60 na Watutsi 40, Seneti nusu kwa nusu, jeshi lisiwe na kabila linalozidi nusu, na Watwa waongezewe viti vitatu. Mtutsi wa Bujumbura hujitaja ili apate kiti. Ndugu yake wa Kigali akijitaja hadharani anaulizwa ana nia gani. Sijakutana na mtu anayeweza kunieleza kwa uaminifu ni nchi gani kati ya hizo ilichagua vizuri, na wanaodai kujua kwa kawaida wanaishi mbali.

Kura tatu

Sisi wa Tanzania hupenda kuitazama habari ya rangi kama sinema ya Wamarekani. Basi turudi 1955. Gavana Edward Twining alitenga viti 30 vya Baraza la Kutunga Sheria la Tanganyika: Waafrika 10, Waasia 10, Wazungu 10. Ukiutazama kwa haraka ni usawa mtupu. Lakini Wazungu walikuwa kama elfu 20, Waasia hawakufika laki moja, Waafrika walizidi milioni 8. Kila Wazungu elfu mbili walikuwa na mjumbe mmoja. Kila Waafrika laki nane, mmoja.

Ukaja uchaguzi wa 1958 na 1959, na masharti yake yalikuwa ya ajabu. Kwanza uwe na kipato cha pauni 150 kwa mwaka, au uwe umefika darasa la nane, au ushike wadhifa unaotambuliwa. Ukishapita hapo, ulitakiwa kupiga kura tatu, moja kwa kila rangi. Ukimpigia Mwafrika peke yake, karatasi imeharibika.

Wana TANU wengi walitaka kususa. Mkutano wa Tabora wa Januari 1958 ulichemka, mpaka Nyerere akawashawishi waingie, kwa hesabu rahisi: kama Mwafrika analazimishwa kumchagua Mzungu na Muasia, basi Mwafrika ndiye atakayeamua ni Mzungu gani na ni Muasia gani. Uamuzi huo ndio walioupa jina la Uamuzi wa Busara. Wakapita kina Derek Bryceson, Amir Jamal, Sophia Mustafa na Lady Marion Chesham. Na hapa pana kichekesho: chama kilichowabeba hakikuwaruhusu wawe wanachama. TANU haikufungua mlango kwa wasio Waafrika hadi 1963. Zuberi Mtemvu aliona uamuzi ule wa Tabora ni usaliti, akatoka akaanzisha chama chake cha Afrika kwa Waafrika. Uchaguzi wa rais wa 1962 alipata kura elfu 21 na ushee, Nyerere zaidi ya milioni moja.

Kushindwa kwa Mtemvu hakukuua hoja yake. Oktoba 1961, chini ya miezi miwili kabla ya Uhuru, wabunge kadhaa walitaka uraia uwe wa Waafrika tu, na Nyerere akawaambia serikali yake itajiuzulu wakipitisha hilo. Tarehe 7 Januari 1964 akaenda mbali zaidi: akatangaza mwisho wa uafrikanishaji, ule utaratibu wa kumtanguliza Mwafrika katika ajira za serikali. Raia ni raia, akawa amesema, rangi isiulizwe tena. Siku 13 baadaye askari wa kambi ya Colito, ambako sasa ni Lugalo, waliasi, wakidai mishahara na wakidai maafisa wa Kiingereza waondoke. Mwalimu alikuwa na haki kwa maana ya katiba. Askari naye, akiinua macho kwenye gwaride, alikuwa anaona alichokuwa anakiona.

Na mgao haukuisha. Ulihama tu. Kahawa na wamisionari walikuwa wameipa mikoa michache, Kilimanjaro na Kagera hasa, shule ambazo kwingine hazikuwepo, kwa hiyo kuanzia miaka ya 1970 nafasi za sekondari zikagawiwa kwa mikoa. Kijana wa Moshi aliweza kubaki nyumbani na alama zilizompita aliyechaguliwa kwingine. Karani hakuuliza rangi. Aliuliza umesoma mkoa gani.

Tatu ya tano

Je, wajua kwamba sehemu ile ile ya hesabu ilitumika kumpima mtu katika mabara mawili? Katiba ya Marekani ya 1787 ilimhesabu mtumwa kuwa tatu ya tano ya mtu wakati wa kugawa viti vya Bunge, na faida ya hesabu hiyo ilikwenda kwa waliommiliki. Mwaka 1948 tume ya mishahara ya Holmes iliamua kwamba katika utumishi wa serikali za Afrika Mashariki, Mwafrika na Muasia akishika kazi ile ile ya Mzungu alipwe tatu ya tano ya mshahara wake. Tume nyingine, ya Lidbury, iliifuta kanuni hiyo mwaka 1954.

Kenya huru imeendelea kuhesabu kwa njia zake. Sheria ya 2008 ya utangamano, iliyotungwa baada ya damu kumwagika katika ghasia za uchaguzi, inakataza ofisi ya umma kuwa na watumishi wa kabila moja wanaozidi theluthi moja. Katiba ya 2010 inataka jinsia moja isizidi theluthi mbili, na Bunge liliposhindwa kutunga sheria ya kutekeleza hilo, Jaji Mkuu David Maraga, Septemba 2020, alimshauri rais alivunje. Halikuvunjwa.

Lakini kuhesabiwa kunataka kwanza uwe kwenye orodha. Wamakonde waliokwenda Kenya kutoka Msumbiji kufanya kazi za mashamba waliishi huko miongo mingi bila vitambulisho. Oktoba 2016 kundi lao lilianza safari ya miguu kutoka Kwale kwenda Nairobi kudai uraia, na mwaka uliofuata wakawa kabila la 43. Julai 2017 serikali ikatangaza kabila la 44: Wakenya wenye asili ya Asia.

Chukua familia moja ya kubuni yenye duka Biashara Street, Nairobi. Babu, karani wa serikali mwaka 1948, alilipwa tatu ya tano kwa kuwa Muasia. Mwanawe hakuchukua uraia kwa wakati, ikaja sheria ya leseni za biashara ya 1967, akaambiwa yeye ni mgeni na duka lile si lake kuendesha. Mjukuu, aliyelirudisha duka, alifungua gazeti asubuhi moja ya Julai akakuta amekuwa kabila.